Tungefungwa Tu

Februari 2016, siku ya mwisho ya Kundi C la Ligi Daraja la Kwanza, Geita Gold iliifunga JKT Kanembwa mabao 8-0. Polisi Tabora nayo ikaifunga JKT Oljoro mabao 7-0. Geita na Polisi Tabora zilikuwa zinalingana kwa pointi, nafasi ya kupanda Ligi Kuu ilikuwa moja, na kilichobaki kuzitenganisha ni wingi wa mabao. Basi mabao yakapanda kwenye viwanja viwili kama bei ya ng'ombe mnadani.

Shirikisho letu la soka, TFF, lilichunguza, Kamati ya Nidhamu ikaketi, na mwezi Aprili timu zote nne zikashushwa daraja kwa kosa la kupanga matokeo. Mbao FC ya Mwanza, iliyokuwa imemaliza nyuma ya Geita na Polisi Tabora, ndiyo ikapanda Ligi Kuu.

Nakirudia kisa hiki kwa ajili ya vijana wa Kibaha na Kisarawe wanaojiandaa kusajiliwa. Mkoa wetu wa Pwani uko karibu sana na soka hilo la chini. Ukiifuata Barabara ya Morogoro hadi Mlandizi utaukuta Uwanja wa Mabatini, nyumbani kwa Ruvu Shooting, timu iliyoteremka kutoka Ligi Kuu msimu wa 2022/23. Upande wa Kisarawe kuna Kiluvya, ambayo timu yake, Kiluvya United, imewahi kupambana katika daraja lililo chini ya Ligi Kuu. Vijana wetu wanapita huko kabla hawajafika kwingine, na wengi wao watamalizia huko huko. Hilo si aibu. Soka la daraja la chini ni kazi ya halali, na wako walioijengea nyumba. Ila ni kazi yenye malipo madogo, inayochezwa mbele ya watazamaji wachache, bila kamera, na mahali pasipo na macho mengi ndipo mtu mbaya hupenda kupita.

Kabla sijaenda mbali, mfikirie kiungo mmoja wa zile timu nne, yule asiyejua lolote. Katika kikosi cha wachezaji zaidi ya ishirini hawakosi watu kama yeye. Alikimbia msimu mzima, akavumilia safari ndefu za basi, akacheza na kifundo kilichovimba. Adhabu ilipotoka, naye aliteremka na timu. Akienda kwingine kufanya majaribio ataulizwa anatoka wapi, na akilitaja jina la timu yake atatazamwa mara mbili. Anayeuza mechi huuza na ya wenzake ambao hawakuulizwa.

Dalili zilikuwepo, tena za kusomeka. Mechi za mwisho wa kundi, timu mbili zinahitaji mabao mengi, na wapinzani wao hawana tena cha kugombea. Mazingira kama hayo kila mpenzi wa soka anayajua, na ndiyo yanayotaka ulinzi mkubwa kuliko fainali. Lakini mara nyingi sisi tunaoshabikia huyachukulia kama mchezo wa hesabu. Tunasema, "Leo lazima zifike saba," tunacheka, na zikifika saba kweli tunashangaa.

Kuna neno moja ambalo katika visa vya namna hii halikosekani. Ni hili: tungefungwa tu. Anayekuja kukununua hakwambii ufanye dhambi. Anakwambia ulipwe kwa jambo ambalo lingetokea hata bila wewe. Ni kisingizio laini mno, na mimi sijioni kuwa niko juu yake. Mtu akinikuta nadaiwa kodi ya miezi mitatu na mtoto amerudishwa nyumbani kutoka shule kwa kukosa michango, akaniambia nipokee fedha kwa jambo lisilomwumiza mtu, sina hakika ulimi wangu utakuwa mwepesi wa kukataa. Ndiyo sababu nataka tulitazame neno hilo mapema, tukiwa hatujaulizwa.

Kisa kinacholifunua vizuri zaidi kilitokea Uingereza, na ni cha zamani. Desemba 1, 1962, Sheffield Wednesday walisafiri kucheza na Ipswich Town, waliokuwa mabingwa watetezi. Katikati ya uwanja Wednesday walikuwa na Tony Kay, kijana wa hapo hapo Sheffield, mkabaji mkali, wa wale ambao mpinzani akiupata mpira anageuka kwanza kumtafuta yuko wapi. Mshambuliaji wao, David Layne, alimletea yeye na beki Peter Swan habari ya dau. Kila mmoja aweke pauni 50 kwamba timu yao itafungwa. Rekodi yao pale Ipswich haikuwa nzuri. Walijiona wanachukua fedha za bure kwenye mechi ambayo wangefungwa tu. Wakaweka.

Walifungwa 2-0. Na hapa ndipo pana jambo la kuumiza moyo. Gazeti la The People lilimtaja Kay kuwa mchezaji bora wa mechi ile. Kwa hiyo inawezekana kabisa kwamba alicheza kwa nguvu zake zote, kwamba hakuutoa mpira mmoja kwa makusudi. Swan naye alisema baadaye kuwa walifungwa kihalali. Yote hayo hayakuwasaidia. Siku ulipoweka fedha upande wa wapinzani, umeshapoteza haki ya kuaminiwa, hata ukicheza vizuri kuliko siku zote.

Mwezi ule ule Kay alinunuliwa na Everton kwa takriban pauni 60,000, fedha nyingi sana kwa kiungo wa wakati ule. Mwaka 1963 akawa bingwa wa Uingereza. Juni ya mwaka huo akaitwa timu ya taifa, akacheza dhidi ya Uswisi, akafunga bao katika ushindi wa 8-1. Kocha alikuwa Alf Ramsey, ambaye ndiye aliyekuwa akiifundisha Ipswich siku ya lile dau. Kila kitu kilikuwa kinafunguka mbele ya kijana huyu, na zile pauni 50 zilikuwa zimeshasahaulika.

Hazikusahaulika kwa kila mtu. Aprili 1964, gazeti lile lile la The People lilitoa habari yote hadharani. Januari 1965 Kay na wenzake wawili walihukumiwa kifungo cha miezi minne jela, na chama cha soka kikawafungia maisha. Mwaka 1966 Uingereza ilitwaa Kombe la Dunia nyumbani kwao. Kay alikuwa na miaka 29, umri ambao kiungo anakuwa na pumzi na akili kwa pamoja. Hakuwa na ruhusa ya kucheza mechi ya ligi popote. Adhabu ilipoondolewa, mwaka 1972, Swan na Layne walirudi kidogo uwanjani. Kay alikuwa na miaka 35, na ligi ilikuwa imempita.

Nani aliwafikisha huko? Si mgeni aliyekuja na sanduku la fedha. Ni mtu waliyemjua. Aliitwa Jimmy Gauld, mchezaji mwenzao wa zamani, aliyezunguka klabu nyingi, Everton, Plymouth, Swindon, na mwishoni Mansfield Town, ambako alivunjika mguu na kazi yake ikaishia hapo. Layne aliwahi kucheza naye Swindon. Ndivyo ulivyokuwa mtandao mzima: mtu anamjua mtu, waliwahi kulala chumba kimoja safarini, waliwahi kupeana pasi. Gauld aliwafuata hasa wachezaji wa madaraja ya chini, wasiojulikana, ambao malipo yao yalikuwa haba.

Mmoja wao alikuwa Jack Fountain wa York City, timu ya Daraja la Nne wakati huo. Naye alicheza eneo la kiungo, naye aliwahi kuwa Swindon. Mechi yao na Oldham Athletic ilichezwa siku ile ile ya Desemba 1, 1962, na iliunganishwa kwenye dau moja na ile ya Ipswich. Kay alipata miezi minne. Fountain, ambaye jina lake halikujulikana nje ya mji wake, alipata miezi 15. Leo ukitafuta habari za kashfa ile utakutana na Kay kwanza, kwa sababu alikuwa nyota. Lakini kwa kijana wa Kibaha au Kisarawe anayefundisha mguu wake kwenye uwanja wa vumbi, Fountain ndiye wa karibu zaidi. Hakuwa na kombe wala jezi ya taifa. Alikuwa na kazi yake ya mpira, akaipoteza, na akaenda jela muda mrefu kuliko yule nyota.

Na yule rafiki alifanya nini mambo yalipombana? Gauld aliwauzia The People habari za wenzake kwa pauni 7,000. Alimrekodi Kay kwa siri walipokuwa wakizungumza, na kanda ile ikatumika mahakamani. Yeye mwenyewe alihukumiwa miaka minne, kwa kuwa ndiye aliyekuwa kiini cha mpango. Wachezaji 10 kwa jumla walikwenda jela. Naomba vijana wetu walishike hili kwa mikono miwili: anayekuja kwako kama ndugu ili muuze mechi, siku ya kukamatwa atakuuza wewe. Ameshakuonyesha kuwa kila kitu kwake kina bei.

Kuna watakaosema hayo ni ya Wazungu, tena ya kale. Majirani zetu Kenya wana visa vya juzi. Mwaka 2019 FIFA ilimfungia miaka 10 George Owino Audi, aliyekuwa beki wa timu ya taifa ya Kenya, pamoja na kumtoza faini ya faranga 15,000 za Uswisi. Sababu ni mawasiliano yake na Wilson Raj Perumal wa Singapore, mpangaji matokeo aliyezunguka nusu ya dunia akinunua mechi. Mwaka uliofuata wachezaji wanne waliokuwa Kakamega Homeboyz wakaadhibiwa. Watatu walifungiwa miaka minne kila mmoja, na wa nne, raia wa Uganda, akafungiwa maisha. Kakamega na Kibaha hazipishani sana kwa hali ya wachezaji. Mshahara unaweza kuchelewa huko kama unavyochelewa huku, na simu ya mkononi inafika kote.

Siku hizi hata matokeo hayahitajiki. Mtu anaweza kuweka dau kwa kona, kwa kurusha mpira, kwa kadi ya njano. Novemba 2021, Stratford Town, timu ya chini kabisa ukilinganisha na tunazoziona kwenye televisheni, ilicheza na Shrewsbury Town katika Kombe la FA la Uingereza. Mchezaji wake mmoja, Kynan Isaac, alipata kadi ya njano. Fedha zilikuwa zimewekwa na watu waliotegemea kadi hiyo. Mwaka 2022 kamati ilimkuta na hatia ya kuitafuta kadi kwa makusudi, ikamfungia miaka 10, na kwa makosa mengine ya kubeti na kutotoa ushirikiano adhabu ikakaribia miaka 12. Kadi moja ya njano! Refa huwa anazitoa nne, tano kwa mechi, na hakuna anayezikumbuka kesho yake.

Hapa ndipo kiungo anapokuwa kwenye hatari kuliko wengine. Kipa akifungwa bao la ajabu, uwanja mzima unaguna. Mshambuliaji akikosa goli tupu, atasemwa wiki nzima. Kiungo mkabaji kazi yake ya kila siku ni kukata mashambulizi, kuvuta jezi, kuteleza miguuni mwa mtu. Akipewa njano, kocha anampigia makofi kwa kuokoa hatari. Kosa la makusudi linajificha ndani ya kazi halali, na mtu wa dau analijua hilo vizuri.

Hebu tuichukue jioni moja ya kawaida. Kijana ametoka mazoezini, viatu kavifunga kamba na kuvining'iniza begani, soksi bado zina vumbi jekundu. Anasimama kijiweni kusubiri bodaboda. Pembeni wenzake wanalinganisha mikeka, nani wake umechanika kwa timu moja, nani bado anasubiri mechi ya saa nne usiku. Anakuja kaka mmoja aliyecheza naye kwenye michezo ya shule za msingi, Umitashumta, siku hizi ana pikipiki yake. Wanasalimiana kwa furaha. "Mwanangu, Jumamosi mnacheza na wale jamaa? Aisee, hao mnafungwa tu." Wanacheka. Baadaye, kwa sauti ya chini, "Sasa sikia. We' pata njano kabla ya mapumziko. Nakurushia laki mbili. Nani anaumia hapo?"

Laki mbili, kwa kijana ambaye posho yake ya mwezi uliopita haijalipwa. Nani anaumia? Swali hilo lina nguvu kwa sababu jibu lake halionekani pale kijiweni. Linaonekana mechi ya tatu au ya nne, pale kaka anaporudi na ombi kubwa zaidi, penalti au bao, na kijana akitaka kukataa anakumbushwa muamala uliobaki kwenye simu yake. Hapo si rafiki tena. Ni mwenye deni lake.

Dalili za mwanzo, basi, ni ndogo na za kirafiki mno. Mtu anaanza kukuulizia nani mgonjwa kikosini, nani hataanza Jumamosi, kabla kikosi hakijatangazwa. Anakutumia fedha ya vocha au ya sikukuu bila sababu, na hataki urudishe. Anasikiliza kwa huruma nyingi unapolalamika kuhusu viongozi wa klabu, na kila ukimaliza kulalamika anakuongezea sababu nyingine. Mchezaji mwenyewe naye anaanza kubeti, kidogo kidogo, kwanza ligi za Ulaya, baadaye ligi anayocheza yeye. Kanuni za soka zinamkataza mchezaji kubeti mpira, lakini vijana wangapi walioshika leseni zao mwaka jana walikaa na mtu akawasomea kanuni hiyo?

Viongozi wa klabu nao nawasihi, kwa heshima zote. Mchezaji asipolipwa miezi miwili, halafu akaambiwa avumilie kwa mapenzi ya timu, mnamwachia mlango wazi usiku. Hatumwondolei kosa lake, kwani wapo wengi wasiolipwa na hawajawahi kuuza pasi moja. Lakini Gauld aliwatafuta wachezaji wa malipo haba kwa sababu alijua anachotafuta. Kama fedha hakuna, mwambieni kijana ukweli, na mwambieni ni lini. Ahadi ya uongo inamfundisha kwamba klabu nayo inacheza mchezo wake.

Na kijana aliyekwisha kuulizwa afanye nini? Akatae, kisha aseme, siku hiyo hiyo. Kukataa na kukaa kimya hakutoshi, maana kanuni za FIFA zinamtaka mchezaji aliyefuatwa atoe taarifa, na ukimya wake unaweza kumwadhibisha hata kama hakupokea senti. Aanze na kocha anayemwamini au katibu wa klabu. Akihofia kwamba hata hao wamo, ipo TFF, na ipo TAKUKURU, ambayo namba yake ya bure ni 113, kwa kuwa hongo ni jinai kwa Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya mwaka 2007, iwe kwenye ofisi au kwenye nyasi. Asifute ujumbe wa simu. Amweleze na mzazi. Wazazi wa Mlandizi, Maili Moja, Maneromango, mtoto akija na habari hiyo msimfokee kwa kukaa na watu wabaya, mpelekeni panapohusika.

Yupo mtu mmoja ambaye kazi yake ningependa iigwe hapa. Moses Swaibu alikuwa beki wa madaraja ya chini Uingereza, akachezea Lincoln City. Mwaka 2015 alihukumiwa miezi 16 jela kwa kushiriki njama za kupanga matokeo. Alipotoka hakujificha. Anakwenda kwenye klabu na kukaa na wachezaji vijana, anawaeleza alivyofuatwa, ni nani aliyemfuata, na jinsi ilivyokuwa rahisi. Wanamsikiliza kuliko wanavyosikiliza waraka, kwa sababu alikaa kwenye benchi kama lao.

Chama chetu cha soka cha mkoa, COREFA, kinasajili wachezaji kila msimu. Naomba iwepo saa moja kabla ya leseni kutolewa, Kibaha siku moja na Kisarawe siku nyingine, vijana wakae chini, asimame mbele yao mchezaji mstaafu anayeheshimika au ofisa wa TAKUKURU, na wasomewe kisa cha Kundi C la mwaka 2016 tangu mabao manane hadi hukumu ya Aprili. Makocha wa mchangani nao waitwe, kwa kuwa wao ndio wanaokaa na vijana hawa kabla ya mtu mwingine yeyote. Gharama yake ni nauli, maji ya kunywa na viti vya kuazima shuleni.